Ren Osugi: kwa nini mwigizaji aliyetakiwa na kila mwongozaji mkubwa wa Japani alibaki msaidizi maisha yake yote?

#1 SinemaTanga
Salaam wakuu. Nimefuatilia filamu za Japani kwa muda mrefu, na kuna mtu mmoja ambaye nikifungua karibu filamu yoyote namkuta ndani yake: Ren Osugi. Nimemwona akiwa yakuza, yaani jambazi wa magenge ya Japani, katika Sonatine ya mwaka 1993, mpelelezi aliyepooza miguu katika Hana-bi ya mwaka 1997, ofisa wa polisi katika Cure ya mwaka huohuo, na waziri mkuu katika Shin Godzilla ya mwaka 2016. Alizaliwa Komatsushima, mkoa wa Tokushima, tarehe 27 Septemba 1951, akafariki tarehe 21 Februari 2018 akiwa na miaka 66, na waandishi wa kwao walikuwa wamekwisha kumpa jina la mtu mwenye nyuso 300.

Hoja yangu ni hii. Mtu aliyeaminiwa na Takeshi Kitano, Kiyoshi Kurosawa, Takashi Miike na Hideaki Anno, watu wanne ambao hawafanani hata kidogo kwa namna wanavyotengeneza filamu, hakukosa uwezo wa kuibeba filamu peke yake. Mimi naamini alinyimwa nafasi. Anayeona vinginevyo aje na hoja.

#2 Binti_Kisauni
Ahsante kwa mada, ila sikubali kwamba alinyimwa. Kabla ya kamera Osugi alikuwa mtu wa jukwaa. Aliacha masomo Chuo Kikuu cha Meiji, na mwaka 1974 akajiunga na Tenkei Gekijo, kundi la Shogo Ota, akadumu nalo mpaka lilipovunjwa mwaka 1988. Kundi hilo lilijulikana kwa tamthilia zisizo na maneno. Katika ile iliyopata sifa kuliko zote, Mizu no Eki ya mwaka 1981, jukwaani kuna bomba bovu linalotoa mchirizi mwembamba wa maji, na watu wanapita mmoja mmoja au wawili wawili, wanakunywa, wananawa, wanagombana, wanaondoka, wote wakienda polepole mno, na kwa karibu saa mbili hakuna anayetamka hata neno moja.

Aliyelelewa katika sanaa ya namna hiyo hajifunzi kuwa nyota. Anajifunza kuwapo mahali bila kudai atazamwe. Mtazame katika Sonatine, wakati kundi la yakuza limejificha ufukweni Okinawa na wenzake wanacheza kama watoto: uso wake unabaki wa mtu aliye kazini, na ucheshi wote wa nafasi ile unatokana na kwamba hafanyi jitihada yoyote ya kuchekesha. Huwezi kumpa mafunzo hayo mtu aliyezoea kusimama katikati.

#3 Kamanda_Mwanga
Dada, jukwaa lilimfunza lakini halikumpa jina. Aliyemtoa gizani ni Kitano. Osugi mwenyewe alipenda kusimulia kwamba siku ya usaili wa Sonatine alichelewa, Kitano akamtupia jicho mara moja tu, naye akarudi nyumbani akiamini amekosa. Filamu ile ilipelekwa Cannes mwaka 1993 na mambo yakabadilika. Kisha katika Hana-bi akaonyesha kwamba hata kuchora anajua, maana zile picha za wanyama wenye vichwa vya maua ni kazi ya mkono wake.

#4 MwalimuRashidi
Naomba kusahihisha mambo mawili katika #3, kwa heshima.

La kwanza, picha zile si za Osugi. Ni za Kitano mwenyewe, aliyeanza kuchora alipokuwa akipona baada ya ajali mbaya ya pikipiki ya Agosti 1994. Osugi anaigiza Horibe, mpelelezi aliyepigwa risasi, akaachwa na mkewe na mtoto wake, akabaki katika kiti cha magurudumu. Kuna onyesho ambalo Horibe anasimama mbele ya duka la maua. Hasemi kitu. Kamera inaenda kwenye ua, inarudi usoni mwake, inaenda kwenye mchoro, inarudi tena usoni, na sisi watazamaji tunasadiki kwamba michoro ile inazaliwa ndani ya kichwa cha mtu huyu, ingawa mkono uliochora ni wa mwingine kabisa. Kwa maoni yangu hiyo ni kazi ngumu kuliko kushika brashi.

La pili, kusema kwamba Kitano alimtoa gizani ni kufuta zaidi ya miaka kumi ya kazi. Osugi alianza filamu mwaka 1980 chini ya Banmei Takahashi, katika zile filamu za watu wazima za bajeti ndogo ambazo Japani zilikuwa chuo cha waongozaji wengi. Mwaka 1984 Masayuki Suo, ambaye baadaye alitengeneza Shall We Dance?, alimtumia katika filamu yake ya kwanza, na humo Osugi aliigiza baba mzee kwa kufuata mtindo wa filamu za Yasujiro Ozu, akiwa na umri wa miaka thelathini na kidogo tu. Kitano alimkuta mtu aliyekwisha kuiva, aliyevuka miaka 40.

#5 SinemaTanga
Mwalimu, umenisaidia kuliko ulivyokusudia. Kama mwaka 1984 tayari alikuwa na uwezo wa kumwigiza mzee aliyemzidi umri kwa miongo kadhaa, kwa nini kampuni kubwa hazikumwita mpaka miaka ya 1990? Ni kwa sababu ya mahali alikotokea. Filamu zile zilikuwa zinatazamwa kwa jicho baya, na mwongozaji alisamehewa upesi kuliko mwigizaji. Suo alipanda, Kiyoshi Kurosawa naye alianzia hukohuko akapanda, lakini waliokuwa mbele ya kamera walibaki na alama.

#6 FundiSauti_Dar
Wakuu, mimi narekodi sauti kwenye tamthilia na filamu hapa Dar, na naona mnatafuta siri kubwa mahali ambapo pana sababu ya kawaida kabisa ya kazi.

Mwaka 1989 kampuni ya Toei ilianzisha filamu zilizouzwa moja kwa moja kwa kanda za video bila kupitia kumbi za sinema, na soko hilo likapanuka haraka katika miaka ya 1990. Miike na Kiyoshi Kurosawa wote wawili walifanya kazi nyingi humo. Filamu za namna ile zinapigwa kwa siku chache na fedha chache. Mtayarishaji anachotaka ni mwigizaji anayefika na maneno yote kichwani, anayesimama kwenye alama bila kuelekezwa mara tatu, na anayeweza kumaliza sehemu yake kwa siku moja ili kesho aende kwingine. Mtu wa namna hiyo anatajwa kutoka kwa mtayarishaji mmoja hadi mwingine, na simu yake hailali. Tatizo ni kwamba simu zote zinamwita kwa nafasi ileile, kwa sababu sifa iliyomtangulia ni ya wepesi na uaminifu, na mhusika mkuu hachaguliwi kwa sifa hizo.

Nimeyaona kwa macho. Kuna mzee mmoja ambaye nimefanya naye kazi mara nyingi. Akiingia kwenye seti hata vijana wanaacha simu zao. Kila tamthilia inamwita, na kila tamthilia inamwita kuwa baba wa bibi harusi.

#7 Kamanda_Mwanga
MwalimuRashidi, umenisahihisha kwa wino mwekundu kama daftari la darasa la saba, nami nimepokea. Ila bado nasimama kwa Kitano. Kutoka Sonatine mwaka 1993 mpaka Outrage Coda mwaka 2017 ni takriban robo karne, na humo katikati wamefanya Kids Return, Hana-bi, Brother, Dolls na nyingine. Katika Outrage Coda akampa nafasi ya mwenyekiti wa kundi la Hanabishi, mtu aliyetoka kwenye biashara ya hisa, asiye na asili ya uyakuza, ambaye wazee wa kundi wanamdharau waziwazi. Mwongozaji hamrudii mtu kwa robo karne kwa sababu tu anafika mapema kazini.

#8 MamaZuhura_Nagoya
Habari zenu. Mimi naishi Japani, na nafikiri #5 na #6 mmeacha upande wa televisheni, ambako ndiko watu wa kawaida walikomjua Osugi. Tamthilia ya televisheni hapa inaanza na jina la mhusika mkuu. Mara nyingi jina hilo ni la kijana aliye chini ya wakala mkubwa, mwimbaji au mwanamitindo anayejulikana tayari, na hadithi inapangwa kumzunguka yeye. Baada ya hapo wanatafutwa watu wazima wa kumshikilia: bosi, baba, daktari, mpelelezi mkuu. Wasipokuwa imara, kijana anaonekana mchanga na tamthilia inaporomoka. Kwa hiyo Osugi hakunyimwa kwa chuki. Mfumo ulimhitaji pale alipokuwa, na ulimhitaji sana.

Mama mwenye nyumba niliyopanga zamani alikuwa akimwona kwenye runinga anasema kwa furaha, "Huyu yupo, basi leo tutatazama mpaka mwisho." Jina lake hakulikumbuka hata mara moja.

#9 Mvuvi_wa_Kilwa
Naona mnamzungumzia Osugi kana kwamba ni wa kwanza. Takashi Shimura alikuwepo katika filamu 21 kati ya 30 za Akira Kurosawa, kuanzia Sugata Sanshiro ya mwaka 1943 mpaka Kagemusha ya mwaka 1980. Mwaka 1954 peke yake alikuwa kiongozi wa samurai katika filamu ya Seven Samurai mwezi Aprili na profesa katika Godzilla mwezi Novemba. Dunia inamkumbuka Toshiro Mifune, nyota wa filamu hizo, lakini anayezishikilia filamu zile ni Shimura. Utaratibu ni uleule, majina ndiyo yamebadilika.

#10 Binti_Kisauni
Mzee wangu Mvuvi, Shimura ni mfano unaovunja hoja yako. Ikiru ya mwaka 1952 ni yake tangu mwanzo mpaka mwisho. Akira Kurosawa alipotaka mzee anayekufa kwa saratani na kuamua kujenga uwanja wa watoto kuchezea, hakumtafuta Mifune. Kwa hiyo mfumo wa kampuni kubwa za zamani, pamoja na ukali wake wote, uliruhusu mwigizaji msaidizi apande juu na kurudi chini bila kupoteza heshima. Mwaka uliofuata filamu ya Ikiru si ajabu kumwona tena katika nafasi ndogo, na hakuna aliyesema ameshuka. Osugi hakuupata mfumo huo. Alipoanza filamu mwaka 1980 ulikuwa umekwisha kuvunjika.

Tena, MwalimuRashidi ametaja ile filamu ya Suo. Aliyekuwa akifuatwa mle ni Chishu Ryu, mwigizaji wa filamu za Ozu, ambaye naye alikuwa na miaka 49 tu alipoigiza babu katika Tokyo Story ya mwaka 1953. Kama kuna ukoo wa Osugi, mimi nauona kwa Ryu kuliko kwa Shimura: watu ambao uzee wao ulianza mapema na haukuwa wa vipodozi.

#11 Shabani_Morogoro
Wakuu, samahani kwa kuchelewa kuingia. Huyu si ndiye yule bwana mrefu wa kwenye tamthilia ya kula, anayeingia mgahawani peke yake na kuongea na chakula kimoyomoyo? Kama ndiye, basi mbona alikuwa mhusika mkuu kwa miaka mingi?

#12 MamaZuhura_Nagoya
Hapana, kaka Shabani, yule ni Yutaka Matsushige, na tamthilia ni Kodoku no Gourmet ya TV Tokyo, iliyoanza Januari 2012. Hata hivyo umegusa jambo zuri, maana wawili hao walikuwa marafiki wa kazi. Mwaka 2017 TV Tokyo ilitengeneza Byplayers, tamthilia ya usiku wa manane ambayo waigizaji wasaidizi sita walicheza wakijiigiza wenyewe, wakiishi nyumba moja: Osugi, Matsushige, Kenichi Endo, Tomorowo Taguchi, Susumu Terajima na Ken Mitsuishi. Osugi ndiye aliyekuwa kama kaka mkubwa wa nyumba.

#13 FundiSauti_Dar
Basi swali la Shabani linamgusa SinemaTanga moja kwa moja. Matsushige alikuwa msaidizi kwa miaka mingi kama Osugi, uso wake ukiwa wa majambazi na mapolisi, akapewa tamthilia ya kwake akikaribia miaka 50, na mwaka 2025 akaongoza filamu yake mwenyewe. Mlango haukufungwa kwa kila mtu. Na Mitsuishi alianza kinyume: akiwa kijana wa shule mwaka 1978 alikuwa mhusika mkuu katika filamu yake ya kwanza kabisa, kisha akawa msaidizi kwa maisha yake yote yaliyofuata. Taguchi naye alikuwa mhusika mkuu katika Tetsuo ya mwaka 1989. Njia za hao sita hazifanani hata kidogo, kwa hiyo sababu moja haiwezi kuwatosha.

#14 SinemaTanga
FundiSauti, Matsushige alipata nafasi kwa sababu kituo kidogo kilikuwa kinatafuta kitu cha gharama nafuu cha kuweka usiku. Hakuna kituo kikubwa kilichompa saa ya jioni. Hilo linathibitisha ninachosema.

Kuhusu Byplayers, kinachoniuma ni kwamba Osugi alifariki wakati wakirekodi msimu wa pili, wote sita wakiwa pamoja.

#15 MwalimuRashidi
Msimu wa pili walikuwa watano katika kundi kuu; Terajima hakuwa miongoni mwao. Mengine ni kweli. Baada ya kazi ya siku nzima Osugi alijisikia vibaya, wenzake wakampeleka hospitali, na akafariki alfajiri ya tarehe 21 Februari 2018 kwa moyo kushindwa kufanya kazi ghafla. Tamthilia ilikamilishwa bila yeye na ikaonyeshwa. Mwaka 2021 waliobaki walitoa msimu mwingine na filamu iliyokusanya waigizaji wasaidizi wapatao mia.

#16 Binti_Kisauni
Naomba turudi kwenye kazi yenyewe, kwa sababu tunazungumza mno juu ya vituo na kampuni na kidogo mno juu ya alichokifanya.

Chukueni Cure. Nafasi yake ni ndogo sana. Anaigiza ofisa aitwaye Fujiwara, anayekaa mbele ya jopo la wakubwa kumhoji mtuhumiwa ambaye kila akiulizwa swali anarudisha swali. Mtuhumiwa anamuuliza yeye ni nani. Anajibu kwa cheo na jina: Fujiwara wa makao makuu. Mtuhumiwa anamuuliza tena, huyo Fujiwara wa makao makuu ni nani? Hapo Osugi hapandishi sauti wala hakunji uso. Hasira inaanza kuonekana mabegani, halafu kunakuwa na muda mfupi ambao macho yake yanaonyesha kwamba ameliwaza swali kweli na hakupata jibu. Filamu nzima ya Kiyoshi Kurosawa imo katika muda ule, na umewekwa kwa mtu ambaye hatumwoni tena sana. Mwigizaji dhaifu angeigiza ofisa mkali tu.

Halafu Shin Godzilla, yenye waigizaji waliotajwa 328. Waziri mkuu Okochi anasimama mbele ya waandishi wa habari na kuwahakikishia wananchi kwamba kiumbe kile hakitapanda nchi kavu, na papo hapo msaidizi anamnong'oneza kwamba kimekwisha kupanda. Baadaye, helikopta zikiwa tayari kupiga, anaambiwa kuna raia wanaovuka reli, mmoja amembeba mzee mgongoni, na yeye lazima aseme ndiyo au hapana. Anasitisha shambulio. Osugi anamwigiza mtu asiye shujaa wala mjinga, mtu wa kawaida aliyepewa mzigo uliomzidi, na ndiyo maana anapokufa katikati ya filamu tunabaki na pengo.

#17 Shabani_Morogoro
Nimekuelewa sana, dada. Huyo ni kama kiungo mkabaji: kocha anamjua thamani yake, mashabiki wanaimba jina la mshambuliaji.

#18 Kamanda_Mwanga
Shabani, umepatia bila kujua, maana Osugi alikuwa mgonjwa wa soka. Alikuwa shabiki wa Tokushima Vortis, timu ya mkoa alikozaliwa, na alicheza katika timu ya ridhaa mpaka umri mkubwa.

Binti_Kisauni, maelezo yako ya Cure ni mazuri, lakini bado hayajibu swali. Kama angeweza kuweka filamu nzima katika dakika chache, kwa nini hakuna aliyempa saa mbili?

#19 MwalimuRashidi
Kuna aliyempa, na inashangaza kwamba tumefika #19 bila kuitaja. Filamu yake ya mwisho ya mhusika mkuu ni Kyokaishi, iliyoongozwa na Dai Sako na kutoka Oktoba 2018, miezi kadhaa baada ya kifo chake. Anaigiza Saeki, mchungaji anayewatembelea wafungwa sita waliohukumiwa kunyongwa. Karibu filamu yote imo ndani ya chumba kimoja cha mazungumzo: meza, viti, mchungaji upande mmoja na mfungwa upande wa pili. Mmoja wa wafungwa hao ni Ken Mitsuishi, yule mwenzake wa Byplayers. Na Osugi hakuwa mwigizaji tu humo, alikuwa pia mmoja wa watayarishaji, kazi ambayo hakuwa ameifanya kabla.

Pia tusisahau tuzo. Mwishoni mwa miaka ya 1990 alipewa tuzo za mwigizaji msaidizi bora, Blue Ribbon ikiwemo. Hakuwa mtu ambaye tasnia ilimsahau.

#20 FundiSauti_Dar
Naongeza jambo moja dogo. Katika orodha ya majina ya filamu na tamthilia za Kijapani, nafasi ya mwisho kabisa ni ya heshima, hupewa mkongwe, na watu wa kazi huisoma orodha kwa kuanzia pande zote mbili. Kwa macho yetu jina la mwisho ni la mtu mdogo. Kwa macho yao si hivyo. Huenda tunampima kwa kipimo ambacho yeye hakukitumia.

#21 SinemaTanga
Nashukuru kwa michango yote. Lakini Mwalimu, taarifa yako kuhusu Kyokaishi ndiyo ushahidi wangu mkubwa kuliko wote. Mtu mwenye tuzo zote hizo, aliyefanya kazi na waongozaji wakubwa wa nchi yake, alipotaka filamu ya kwake akiwa na zaidi ya miaka 60 ilibidi ashiriki mwenyewe kuitayarisha, tena filamu ya chumba kimoja. Mngempa jina gani hilo kama si kunyimwa?

#22 Binti_Kisauni
Mimi ningeliita kuchagua. Alipopata uwezo wa kuamua filamu iwe ya namna gani, na yeye awe nani ndani yake, hakujipa samurai wala mpelelezi wala bosi wa yakuza. Alijipa mchungaji ambaye kazi yake ni kukaa kitini na kuwasikiliza watu sita wakizungumza, na katika maonyesho mengi anayepewa maneno mengi ni mfungwa, si yeye. Itazame kwanza, SinemaTanga, hasa yale mazungumzo na mzee asiyejua kusoma na kuandika, halafu urudi hapa tuendelee.